Pini ya Bomu la Zege

"Usinipandishie sauti ndani ya karakana yangu!" Fundi Mkuu alibwaga spana mezani. "Mgongo huu ndio uliokubeba. Kamasi zako nimezifuta mimi. Leo unanijia na kitambulisho cha ofisi isiyo na kibao mlangoni, unanihoji kama mwizi wa kuku!"

"Sijakuita mwizi, baba mdogo. Nimekuuliza kiwashio kimoja kimekwenda wapi."

"Nimeshakujibu."

"Hujajibu. Umefoka. Hayo ni mambo mawili."

"Mwangalie! Mdomo wa marehemu mama yake huo huo."

"Mama angekuwa ameshakuzaba kofi. Kiwashio kiko wapi?"

Mzee akageuka, akajifanya anapanga bisibisi.

Kazini walimwita Sindano. Alikuwa na miaka arobaini na moja, viatu bapa, nywele zimebanwa nyuma kwa mpira wa ofisini, na kazi ambayo hata jirani yake wa ukuta kwa ukuta aliamini ni ya bima. Mzee aliyekuwa anagombana naye alikuwa mdogo wa baba yake. Kwa miaka thelathini na moja, hakuna bomu lililofungwa chini ya bawa la ndege ya kivita katika kambi hii bila kupita mikononi mwake.

Saa moja asubuhi mkuu wake wa kazi, anayeitwa Nanga kwenye simu, alikuwa amempigia na kusema sentensi mbili tu.

"Muuza Vita yuko mjini. Kahesabu viwashio."

Muuza Vita. Mtu wa suti ya kijivu na pasipoti saba. Huuza silaha kwa jirani wa kulia, kisha humwendea jirani wa kushoto kumwonyesha picha za alichonunua mwenzake. Wakikataa kupigana, huwatafutia sababu.

Sindano alihesabu. Kwenye ghala kulikuwa na boksi moja ambalo lakiri yake ilivunjwa, ikagundishwa tena kwa gundi ya viatu. Ndani, nafasi moja ilikuwa tupu.

Kiwashio si kikubwa. Kinatosha kwenye kiganja kama kopo la soda. Bomu lisilo nacho unaweza kulikalia ukala chakula chako cha mchana. Likiwekewa, hadithi inabadilika.

"Saa nne kamili," alisema Sindano, "mdogo wangu anaangusha bomu mbele ya watu mia tisa."

"Bomu la zege!" mzee aliruka. "Limejazwa zege tupu! Nimelipaka rangi ya buluu kwa mkono wangu, na kila mwenye akili kambini anajua buluu maana yake ni la mazoezi. Linapiga lile lori bovu uwanjani, vumbi linatimka, wageni wanapiga makofi, basi."

Ilikuwa kweli kwamba hivyo ndivyo ilivyopangwa. Baada ya miaka minne ya kupigana risasi mpakani, wakubwa wa nchi jirani walikuwa wamekuja kutia saini amani. Walikaa kwenye jukwaa moja na wenyeji wao, na wake zao, na watoto wao waliovalishwa soksi nyeupe. Kabla ya saini, maonyesho. Ndege moja. Bomu moja. Rubani aliyechaguliwa kwa sababu hajawahi kukosa shabaha tangu avae kofia ya kazi.

Mdogo wake Sindano. Wa mwisho kuzaliwa. Sindano ndiye aliyemfundisha kufunga kamba za viatu.

Saa yake ya Casio ilionyesha saa nne kasoro dakika kumi. Ndege ilikuwa imesharuka, iko juu ya mawingu inazunguka.

"Nenda kwa Kamanda," alisema mzee. "Nenda kwa yule mtoto wa kompyuta. Mwambie mimi ni mwizi, atafurahi."

Sindano hakumsikiliza tena. Alikuwa anatazama ubao wa pini.

Ubao ulikuwa ukutani nyuma ya bega la mzee, una ndoano kumi na mbili, kila ndege na ndoano yake. Hapo ndipo palipokuwa na dini ya mafundi wa mabomu. Kila bomu lenye kiwashio huchomekwa pini ya usalama yenye utepe mwekundu, lisije likajilipua njiani. Dakika ya mwisho kabla ya ndege kuruka, fundi huingia chini ya bawa, huchomoa pini, hutoka mbele ya pua ya ndege na kuinyanyua juu utepe ukipepea. Rubani huiona, huhesabu kwa kidole, huitikia kwa kichwa. Kisha pini hutundikwa kwenye ndoano ya ndege hiyo mpaka irudi. Fundi asiyetundika pini yake ni sawa na daktari aliyesahau mkasi tumboni mwa mgonjwa.

"Ndoano ya saba," alisema Sindano polepole. "Ndege ya mdogo wangu."

"Eh. Ina nini?"

"Ina pini."

Bisibisi ikamdondoka mzee.

"Zege halilipuki, baba mdogo. Zege halina kiwashio. Halihitaji pini. Hiyo umeichomoa kwenye nini? Umelipaka buluu bomu la kweli?"

Fundi Mkuu aligeuka. Aliutazama ubao wake kwa muda mrefu, kama mtu anayeona viatu vyake kwenye mlango wa nyumba asiyotakiwa kuingia. Pini ilining'inia mahali pake, utepe umenyooshwa vizuri.

"Ningeiweka mfukoni," alisema. Sauti ilikuwa imemwishia. "Mkono wenyewe umetundika."

"Na kwa nini uliichomeka?"

"Ulitaka lisukumwe bila pini? Vijana wangu wanne walilisukuma lile toroli! Lingewaua."

"Lingewaua wale wanne. Na wale mia tisa?"

"Hakuna atakayeguswa! Jukwaa liko kilomita mbili kutoka kwenye lori. Ramani ninayo. Ungekuwa mlipuko tu, mwanangu. Mlipuko mmoja mkubwa mbele ya wageni. Kamanda angeulizwa bomu la kweli limetokaje kambini kwake. Mwezi uliopita alisimama mbele ya vijana wangu akaniambia kazi yangu sasa inafanywa na kompyuta, nikafuge kuku. Kuku! Yule mfanyabiashara akaniambia, mzee, waonyeshe."

"Ramani yako ni ya wiki iliyopita. Jana jukwaa lilisogezwa."

"Wapi?"

"Mita mia tatu kutoka kwenye lori. Ili wageni waone vizuri. Kwa sababu ni zege."

Mzee alishika ukingo wa meza.

Na nyuma yao, ndoo ya rangi ikadondoka.

Mpaka rangi mmoja alikuwa juu ya ngazi pembeni ya mlango tangu asubuhi, akipaka ukuta mstari uleule. Sasa mkononi hakuwa na brashi. Alikuwa na bastola yenye bomba refu la kuzuia sauti.

Puu.

Risasi ilimwingia Fundi Mkuu tumboni. Alikaa chini taratibu, kama mtu aliyechoka.

Puu. Puu. Rafu ya boliti ikapasuka juu ya kichwa cha Sindano.

Glock yake ilikuwa langoni. Sheria ya karakana: silaha yenye risasi haiingii kwenye mabomu. Mpaka rangi hakuwa mtu wa sheria.

Sindano aliokota spana ya mzee na kuirusha. Ilimpata mtu wa ngazi kwenye meno. Ngazi iliyumba, ikaenda chini, naye akaanguka kwa mgongo, akajiviringisha, akapiga magoti na kuinua tena bastola huku damu ikimchuruzika kidevuni.

Juu yake, kwenye mnyororo wa winchi, lilining'inia bomu jingine la mazoezi likisubiri kupakwa rangi. Kilo mia mbili na hamsini.

Breki ya winchi ilikuwa ukutani. Sindano aliipiga teke.

Zege lilishuka.

Lilimkuta kiunoni. Mfupa ulilia kama kuni kavu. Bastola ikateleza sakafuni mpaka kwenye kiatu cha Sindano, naye akaiokota.

"Muuza Vita yuko wapi?"

Mtu yule alimtemea damu. Mkono wake mmoja ulikuwa unatambaa kuelekea kifundo cha mguu, kwenye ala ya kisu.

Sindano alimpiga risasi mbili kifuani.

Saa nne kasoro dakika saba.

Alipiga magoti kwa mzee, akavua skafu yake, akaikunja na kuikandamiza kwenye tundu la risasi.

"Bana hapo. Kwa nguvu. Ukiachia unakufa."

"Mwenye taa," alisema mzee. Midomo ilikuwa imeanza kuwa ya majivu. "Juu ya tangi la maji. Nilimwona asubuhi anaikunjua taa. Hakujua hata kufunga miguu mitatu ya taa hiyo. Nikadhani ni mwanafunzi. Nikamwonyesha."

Sindano alielewa.

Bomu lile lilikuwa limefungwa kichwa cha kufuata mwanga. Halina akili yoyote. Rubani huliachia kutoka juu kwa hesabu za ramani, na chini kuna mtu mmoja mwenye taa ya kulenga, mwanga wake hauonekani kwa macho. Anapomulika, hapo ndipo bomu linapokwenda. Akimulika lori, ni lori. Akimulika jukwaa, ni jukwaa. Rubani aliye juu ya mawingu hajui lolote. Yeye husikia tu sauti redioni ikisema mwanga upo.

"Na Muuza Vita?"

"Uwanja mdogo. Nyuma ya matangi ya mafuta. Cessna. Alisema nimfuate." Mzee alijaribu kucheka, ikatoka damu. "Hakutaka kunipeleka popote, eh?"

"Alimwacha mpaka rangi akusindikize."

"Mwambie kijana..."

"Utamwambia mwenyewe. Bana!"

Nje palikuwa na pikipiki ya tarishi, Yamaha nyekundu, ufunguo uko kwenye swichi. Tarishi alikuwa amesimama kando na soda mkononi. Sindano alimwonyesha bastola kwa mkono mmoja na mlango wa karakana kwa mkono mwingine.

"Ndani kuna majeruhi. Ita daktari. Kimbia!"

Aliondoka na gia ya kwanza ikilia, kifaa cha simu sikioni.

"Nanga. Sindano."

"Sema."

"Bomu ni la kweli. Mwenye taa ni wao. Shabaha ni jukwaa. Ondoa watu."

"Nimeshaanza kupiga. Hakuna anayepokea."

"Hata mmoja?"

"Simu zote zimekusanywa langoni. Kwa usalama."

Sindano alitukana tusi ambalo mama yake angemchapa kwa sababu yake.

"Mnara wa kuongozea ndege je?"

"Wanamwita rubani. Hawasikii. Ameshahamia kituo cha redio cha mwenye taa."

Hivyo ndivyo walivyofunzwa. Dakika kumi za mwisho rubani husikiliza mtu mmoja tu, aliye na taa, asije akachanganywa na maneno ya watu wengi. Utaratibu mzuri. Umeokoa maisha mengi. Leo ulikuwa unanoa kisu.

"Wapige fataki nyekundu angani!"

"Wamepiga mbili. Jukwaa linashangilia. Wanadhani ni sehemu ya maonyesho."

Saa nne kasoro dakika nne.

Alikata kona kwenye nyumba za familia za askari, akapita katikati ya kamba za nguo, shuka la mtu likamfunika uso na kubaki nyuma. Mbele, tangi la maji lilikuwa limesimama juu ya nguzo nne, kimo cha ghorofa saba, na ngazi ya chuma ikipanda upande mmoja.

Chini ya ngazi alisimama mlinzi mwenye sare ya jeshi na bunduki ya AK. Sare ilikuwa mpya mno. Mikunjo ya pakiti bado ilionekana.

Alimwona mwanamke kwenye pikipiki. Hakuuliza neno la siri. Aliinua bunduki.

Sindano hakupunguza mwendo. Alilala juu ya tangi la petroli, akafyatua mpaka bastola ikabaki inasema tik. Risasi za AK zilivunja taa ya mbele, zikapasua kioo, moja ikamchana bega na kutoka na nyama. Mita kumi. Tano. Aliruka pembeni na kuiacha Yamaha iende peke yake.

Ilimbana mlinzi kwenye nguzo. Alipiga ukelele mmoja mfupi. Gurudumu la nyuma liliendelea kuzunguka juu ya mguu wake, likichimba, mpaka injini ikazimika.

Sindano alibingirika changaraweni, akasimama. Bunduki ya AK ilikuwa imepinda kati ya chuma na chuma. Akaiacha.

Akapanda.

Mkono wa kushoto haukutaka kufanya kazi. Akautumia hivyo hivyo. Kila kipago cha ngazi alikiachia alama ya damu. Juu yake alisikia sauti ya mwanamume, tulivu, ikizungumza redioni.

"Lengo liko wazi. Nipo tayari."

Na sauti aliyoijua tangu ikiwa ya mtoto mchanga, ikijibu kwa mkwaruzo.

"Nimepokea. Dakika moja."

Alichungulia juu ya ukingo. Kwanza aliona buti. Askari wa kweli, yule aliyestahili kushika taa hiyo, alikuwa amelala kifudifudi na waya shingoni. Kando yake, juu ya miguu mitatu, taa ya kulenga, kitu kama kamera ya televisheni iliyokatwa shingo. Nyuma yake, mtu mwenye mabega mapana ameinamia lenzi. Taa ilikuwa imeelekea kwenye jukwaa.

Sindano alimrukia mgongoni.

Hapakuwa na ufundi katika pigano lile. Mtu yule alikuwa mzito na alijua kazi yake. Alimbamiza kwenye pipa la chuma mara mbili mpaka akaona nyota mchana. Alimshika mkono wa kulia, akaukunja, na vidole viwili vikavunjika kimoja baada ya kingine. Sindano alimng'ata sikio na hakuachia mpaka kipande kikabaki mdomoni.

Mtu yule alinguruma. Huku akivuja damu shingoni, alijivuta mpaka kwenye redio na kubonyeza.

"Mwanga upo."

"Mwanga upo, nimepokea. Naachia."

"Usiachie!" Sindano alipiga kelele, lakini kidole cha mtu yule kilikuwa kimeshaacha kitufe.

Alimpiga goti kwenye koo. Mtu yule alirudi nyuma hatua moja, hatua mbili, kiuno kikakutana na uzio mwembamba wa ukingo. Sindano alijikunja na kumsukuma kwa miguu yote miwili. Uzio ulifyatuka kwenye misumari yake.

Alikwenda kimyakimya. Sauti ilikuja baadaye, kutoka chini.

Redio ikasema:

"Limetoka."

Sekunde thelathini. Futi elfu kumi na tano kwenda chini, hizo ndizo sekunde zake. Sindano alizianza kichwani papo hapo, kwa sababu hizo huwa hazingoji mtu.

Alinyakua redio.

"Mdogo wangu. Ni mimi."

"Dada? Dada, uko kwenye kituo hiki kufanya nini?"

"Bomu lako lina kiwashio. Sikiliza, usiulize. Unaweza kulizuia?"

Pumzi moja. "Likishatoka limetoka. Dada, chini kuna watu. Chini kuna watoto!"

"Najua. Kaa kimya."

Ishirini na nne.

Akaweka jicho kwenye lenzi. Jukwaa lilimjia karibu kama dirisha la jirani: mama anampangusa mtoto mdomo, mwanamume anajipepea na karatasi ya ratiba.

Akazima mwanga? Hapana. Bomu lisiloona mwanga huangukia pale lilipohesabiwa, yaani kwenye lori, na lori liko mita mia tatu. Chuma cha bomu la kweli huruka zaidi ya hapo, kinakata kila kitu chenye shingo.

Ishirini.

Kushoto, nyumba za familia. Nguo kwenye kamba. Kulia, matangi ya mafuta, lita zisizohesabika. Nyuma ya matangi, kilomita moja hivi, ule uwanja mdogo wa zamani, lami yake imeota nyasi. Juu yake, Cessna nyeupe, propela inazunguka. Ilikuwa inatembea polepole kuelekea mwanzo wa njia. Hakukuwa na mtu mwingine wala nyumba.

Redio ya pili, Motorola ndogo aliyoacha yule aliyeanguka, ikalia sakafuni. Sauti laini, ya mtu aliyezoea kuagiza kahawa kwenye hoteli.

"Mbona naona uzio umeanguka? Mwanga uko pale pale?"

Sindano aliiokota kwa vidole vilivyobaki vizima.

"Unahama."

"Nani anaongea?"

"Dada wa rubani."

Kicheko, laini kama suti. "Dada wa rubani. Tuzungumze basi, kama watu wazima. Kila mtu ana..."

Aliidondosha chini kupitia pengo la uzio.

Kumi na sita. Simu sikioni ikakwaruza.

"Sindano. Nanga. Uko wapi?"

"Juu ya tangi. Taa ninayo. Bomu liko hewani. Muuza Vita yuko kwenye Cessna, uwanja mdogo, anataka kuruka."

"Namtaka hai. Narudia, hai. Ana majina ya nusu ya maofisa wa ukanda huu. Weka bomu mahali pengine."

"Pengine wapi?"

"Popote!"

"Nimetazama. Nitajie."

Nanga hakutaja. Alikuwa mtu mwerevu na ramani ilikuwa mbele yake.

Kumi na mbili. Bomu lilikuwa linatoboa mawingu sasa. Lilikuwa limefungua jicho, linatafuta.

Sindano aliigeuza taa.

Hakuigeuza kwa pupa. Mwanga ukiruka ghafla bomu hulipoteza doa lake, likakata tamaa na kurudi kwenye lori. Aliuburuta kama mtu anavyomwongoza kipofu kwa mkono. Ukaacha jukwaa. Ukapita juu ya majani. Ukaacha lori. Ukapita kwenye ukuta wa matangi ya mafuta, na hapo alishika pumzi, ukavuka ukuta. Damu ilimtoka begani ikachuruzika mpaka kwenye mpini. Vidole vilivyovunjika vilipiga kelele. Akavipuuza.

Nane. Lami. Nyasi. Tairi ya nyuma. Ubavu mweupe wa ndege.

Cessna ilikuwa imeongeza mwendo. Taa ikaifuata.

Alimwona kwenye dirisha la nyuma, mgongoni mwa rubani wake, suti ya kijivu, redio bado iko sikioni. Muuza Vita alikuwa anatazama juu. Alikuwa ameuza vitu hivi maisha yake yote na aliijua ile sauti ya bomu linaloshuka kabla ya mtu mwingine yeyote kuisikia.

Nne.

"Sindano," ilisema simu. "Ni amri."

"Nimesikia."

Hakuondoa jicho kwenye lenzi.

Uwanja mdogo ulinyanyuka. Kwanza mwanga mweupe, kisha ardhi nyeusi ikipanda kama mti, kisha sauti iliyokuja na kulipiga tangi mpaka maji ndani yakaguna. Bawa moja la Cessna liliruka juu likizunguka polepole, likashuka, likajichoma wima kwenye nyasi. Vipande vingine vilinyesha kwenye ukuta wa matangi, tik, tik, tik. Ukuta ulistahimili.

Kwenye jukwaa watu mia tisa walikuwa wamelala chini ya viti. Kisha mmoja akasimama. Kisha wengine. Mtoto wa soksi nyeupe alikuwa analia kwa sauti ya mtoto mzima mwenye mapafu mazima.

Redio ikakwaruza.

"Dada?" Sauti ilikuwa ya mtoto wa miaka saba. "Dada, nimeua watu?"

"Wawili. Walistahili. Mafuta unayo?"

"Ninayo."

"Basi shuka taratibu. Magurudumu usisahau."

"Dada..."

"Nitakuwa pale ukitua. Shuka."

Simu sikioni ilikuwa bado inapumua. Nanga alikuwa na sauti ya mtu anayehesabu mpaka kumi.

"Nilisema hai."

"Ulisema popote," alijibu Sindano. "Nimechagua popote."

Akavua kifaa cha simu, akakitia mfukoni. Akainama, akalegeza waya kwenye shingo ya askari aliyekufa na kumfumba macho kwa kiganja. Kisha akaweka mguu kwenye kipago cha kwanza na kuanza kushuka, mkono mmoja, akielekea kwenye njia ya ndege.